Sikuwa Mgonjwa, Nilikuwa Nikisikiliza

Mtaa wa Pioneer,
Eldoret.
Jumapili, 21 Septemba 2025,
mwaka wa arobaini na nne tangu nitoke kwetu Seme.

Mpendwa ndugu yangu Oyugi,

Pokea salamu zangu, nyingi kuliko zote nilizokutumia mwaka huu, maana kwenye simu huwa nasema hamjambo kisha nakata. Natumaini mgongo umepata nafuu, na kwamba ile dawa ya presha unaimeza hata siku ambazo hujisikii vibaya. Mimi ni mzima. Tafadhali lisome neno hilo mara mbili kabla hujaendelea. Mimi ni mzima, na mwezi wa Agosti nilikuwa mzima vilevile.

Hapa Eldoret mvua ingali inanyesha kila alasiri. Mahindi yameanza kukauka majani ya chini, na wenye mashamba kule Soy wanaomba mbingu zifunge kidogo kabla ya kuvuna. Baridi ni ileile unayoijua. Asubuhi hadi jioni navaa kofia ya sufu iliyovutwa hadi kwenye nyusi, kama mlinzi wa benki. Binti yangu Lynette huja kila Jumamosi kuhakikisha kwamba nimekula, na kufua mashati ambayo nilikuwa nimekwisha kuyafua.

Nakuandikia kwa Kiswahili kama tulivyozoea tangu ulipokuwa chuo cha ualimu, nawe utanisahihisha kwa kalamu nyekundu ukipenda. Sikutaka kukupigia simu. Ungeniuliza hali, nami ningekujibu kwa sauti ya mgonjwa, kwa kuwa nimekwisha kuizoea, na jambo hili lingeharibika zaidi.

Ujumbe wako wa wiki iliyopita umenifikia. Unasema akina mama wa kanisa lenu wanafunga na kuniombea kila Ijumaa. Unasema umesimamisha kazi ya matofali, na kwamba umemwambia mwanao Ooko asubiri mpaka baba yake mkubwa apone. Kifurushi pia kimefika, na ndani yake ile chupa ya soda yenye maji yaliyoombewa. Nimeiweka kwenye rafu karibu na Biblia, na kila nikipita pale uso unaniwaka.

Sihitaji kukukumbusha desturi yetu, lakini nataka uone kwamba ninaijua. Kwetu mdogo hamtangulii mkubwa. Mimi ndiye kifungua mimba wa baba yetu, na mpaka nitoke katika boma lake nikajenge langu, wewe huwezi kutoka. Na mpaka wewe utoke, Ooko hana mahali halali pa kusimamisha simba yake, ile nyumba ya kijana katika boma la baba yake. Kijana mwenyewe ana mke na mtoto, mvi zimeanza kumtoka, na analala kwenye chumba cha kupanga pale sokoni ilhali ardhi ya babu yake iko palepale. Yote haya yananingoja mimi. Ndiyo maana ni lazima nikuambie kilichotokea siku ile Aketch na Mzee Omollo walipokuja, nikianzia mbali kidogo ili unielewe, hata kama hutanisamehe.

Kwa miaka mitatu sasa nimekuwa nikisikiliza muziki wa Wazungu uitwao heavy metal.

Nimeandika sentensi hiyo nikainuka kwenda kuchemsha chai. Sasa nimerudi.

Unakumbuka nilikuwa fundi wa mitambo ya kufuma kwenye kiwanda cha nguo, katika idara ambayo sote tuliiita wivingi. Ulinitembelea mara moja, ukasimama mlangoni umeziba masikio, ukakataa kuingia. Mle ndani hatukuongea kwa sauti. Tulisomana midomo na vidole. Na fundi hakutafuta ubovu kwa macho. Ulitembea katikati ya mitambo mamia ikienda kwa pamoja, ukasikia mmoja umechelewa kuliko wenzake kwa nusu ya nusu ya pigo, ukauendea moja kwa moja kama mama anayemjua mtoto wake kwa kilio. Kiwanda kilipofungwa nilishika kazi ya kutengeneza posho mill, zile mashine za kusaga mahindi, huku Soy na kule Burnt Forest, lakini posho mill ni mashine moja, hulia peke yake. Watu walidhani ninasikitikia mshahara. Kilichonitesa kilikuwa ukimya.

Kigen, jirani yangu, tulikuwa naye wivingi. Binti yake Jepchumba anafanya kazi Ujerumani, na alipokuja likizo alimwachia baba yake chombo kidogo cha kuchezea muziki, cha ukubwa wa kiberiti, kimejaa albamu anazozipenda yeye, pamoja na spika ndogo za kuingia masikioni. Kigen ni mtu wa nyimbo za kantri, kama wazee wengi wa huku. Anataka mwimbaji anayelia kwa ajili ya mke aliyetoroka. Alisikiliza chombo kile kidogo tu, kisha akavuka ua akaja kwangu.

“Ondiek, shika,” akasema. “Hii ni wivingi, wamemwongeza mtu anatapika.”

Nilicheka, nikavitia masikioni ili nimfurahishe. Sijamrudishia mpaka leo.

Sijui nikuelezeeje, wewe ambaye hata redio ya jirani hukukera. Kuna mpiga ngoma anayetumia miguu yote miwili, na miguu hiyo hukimbia sawasawa, bila kuchoka, kama mstari mzima wa mitambo iliyorekebishwa na fundi anayejiheshimu. Juu yake gitaa zinanguruma, na juu kabisa matoazi yanamwagika. Mara ya kwanza nilikaa sebuleni, mchana kweupe, nikalia. Mke wangu Jebet alipokufa nililia nyuma ya choo, nisionekane. Kwa kelele hii nililia kitini, mlango ukiwa wazi.

Maneno ya nyimbo zenyewe sitakuandikia. Mengine siyaelewi, na mengine nimeyaelewa nikatamani nisingeyaelewa. Picha za albamu zina mafuvu na moto. Na Jumapili mimi ndiye ninayesimama mbele ya kanisa kusoma somo la kwanza, nikiwa nimevaa tai uliyonipa.

Jepchumba alinieleza kwa simu kwa nini sauti ya chombo kile haifanani na ya simu za vijana. Anasema muziki unaopita kwenye simu nyingi umepunguzwa ili uingie mahali padogo, na kile kinachodhaniwa kwamba sikio halikihitaji hutupwa. Ule usiopunguzwa wenyewe huuita lossless, maana yake haukupoteza kitu. Mimi nililielewa jambo hilo kwa njia ya unga. Ule wa dukani ni mweupe, laini, umekobolewa, na kiini chake kimekwenda kulisha ng'ombe. Ule wa posho mill unarudi nyumbani na kila kilichokuwa kwenye punje. Tangu hapo sitaki mwingine. Nasikiliza albamu nzima, kutoka wimbo wa kwanza hadi wa mwisho, kwa mpangilio waliouweka wenyewe, na sirushi hata mmoja. Nimekuwa msumbufu kwa jambo hili kama mzee mwenye ng'ombe mmoja.

Kigen hakuamini kwamba nasikia tofauti. Siku moja aliniketisha nikiutazama ukuta, akawa anahamisha waya, mara kwenye simu yake, mara kwenye kile chombo, kwa wimbo uleule.

“Hii?”

“Imepunguzwa. Matoazi yanazunguka kama maji kwenye karai.”

“Na hii?”

“Ni ileile. Hujabadilisha kitu.”

Nikamsikia akihangaika na waya.

“Na sasa?”

“Sasa ni kamili. Rudisha mwanzo, umenikatia wimbo.”

“Wewe mzee ni mchawi,” akasema. “Nikikuita chai hapo kwa fensi husikii, lakini hii unasikia.”

Ni kweli. Mlango ukibishwa sisikii, hasa mvua inapopiga mabati. Ndiyo maana Mama Priscah, tunayepakana naye upande wa pili, anakaa na ufunguo wangu wa akiba.

Sasa tufike Alhamisi ile ya tarehe 14 Agosti. Ulimtuma mkeo Aketch na Mzee Omollo, mkubwa wa ukoo wetu, waje kuniita nikajenge. Hukuniarifu, nami nakuelewa. Kila uliponiarifu nilipata safari.

Walifika mvua ikinyesha. Walibisha, hawakujibiwa. Mama Priscah akawaona wamelowa, akaja na ufunguo, akawaongoza kwanza hadi dirishani niwaone, ili nisishtuke. Yeye ndiye aliyenisimulia baadaye kilichoonekana kutoka pale nje. Nilikuwa kitini, kofia imefunika masikio, waya umepita ndani ya koti. Macho nimefumba. Kichwa kinakwenda mbele na nyuma, mikono inapiga mapaja kwa kasi ambayo, anasema, hakujua mtu wa umri wangu anayo.

“Huyu ako sawa?” Mzee Omollo akamwuliza.

“Ako sawa, baba. Ni masikio tu.”

Ndipo nikanguruma. Lazima nikueleze kwamba waimbaji hawa hawaimbi kwa koo kama sisi. Sauti inatoka chini, tumboni, kama fahali aliyenusa damu. Nami, kwa kuwa nilidhani niko peke yangu duniani, nimejifunza kuwafuata.

“Hayo si masikio,” Mzee Omollo akasema.

Nilichokijua mimi ni kiganja kilichonitua kichwani. Niliruka. Nilipofumbua macho, shemeji Aketch alikuwa peku mbele yangu, amekwisha kuvua viatu mlangoni kama anayeingia mahali patakatifu, na maji ya mvua yanamtiririka usoni. Mzee Omollo amevua kofia yake. Mama Priscah ameshika ndoo, sijui kwa kazi gani. Na sakafuni, karibu na mlango, kulikuwa na kikapu, na kichwa cha jogoo kimechungulia.

Kilichohitajika kilikuwa kitu kidogo sana, Oyugi. Kuvua kofia. Wangeziona zile nyaya, Aketch angenikaripia, na Mzee Omollo angecheka njia nzima hadi Seme. Lakini nilimtambua jogoo yule. Nilimjua kwa shingo yake isiyo na manyoya kwamba ametoka kwenye kizazi cha kuku wa mama, katika boma la baba, na hakuna mtu anayesafiri na jogoo wa boma hadi Eldoret ili amwonyeshe mji. Jogoo hutangulia kwenye boma jipya, pamoja na shoka na moto. Walikuwa wamekuja kumtia mikononi mwangu.

Nimejiambia mwezi mzima kwamba niliona aibu ya muziki. Ni kweli, lakini ni nusu. Nilimwona jogoo nikajilaza chini.

“Nimechoka,” nikasema. Basi. Hayo ndiyo yote niliyoyasema, na mengine waliyajaza wao.

Walinibeba hadi kitandani. Hapa ndipo penye sehemu ambayo ningependa kuiruka. Spika ya sikio la kulia ilikuwa imechomoka, lakini ya kushoto ilibaki, chini ya kofia, na muziki haukuzima. Aketch alipiga magoti, akanishika kichwa kwa mikono miwili, akaanza kuomba. Aliomba kwa machozi. Alimtaja baba, akamtaja mama, alitaja siku niliyombeba yeye mwenyewe akiwa na malaria hadi zahanati alipokuwa bibi arusi mgeni. Mzee Omollo aliitikia amina kwa sauti ile nzito yake. Na katika sikio langu la kushoto ulikuwa umefika wimbo wa mwisho wa albamu, nami nilijua kwamba baada ya ubeti wa tatu kuna mahali ngoma zote zinanyamaza na gitaa moja linapanda peke yake. Aketch analia juu yangu, na mimi, Mungu anisamehe, nilikuwa nangoja gitaa.

Lilikuja. Lilikuwa zuri. Aketch aliona machozi yangu akasema, “Yanatoka, yanatoka,” akimaanisha mapepo.

Baadaye niliwasikia jikoni, kwa maana waliongea kwa sauti, wakidhani nimelala.

“Mgonjwa haulizwi habari za boma,” Mzee Omollo akasema.

“Na huyu jogoo je? Nimrudishe?”

“Arudi kusema nini? Mchinje. Mtu akipona, jogoo atapatikana mwingine.”

“Ni wa boma, Mzee.”

“Nimesema mchinje, mama Ooko. Boma bila mwenyewe ni la nani?”

Kwa hiyo jogoo wa boma langu aligeuka supu ya mgonjwa. Aketch alininywesha kwa kijiko, akinifutia kidevu. Nilimaliza bakuli. Akaniuliza kama niongezewe, nikatikisa kichwa kwamba ndiyo.

Asubuhi waliondoka. Mzee Omollo alisimama getini, akaniegemea begani badala ya mimi kumwegemea yeye, akasema, “Omera, ndugu yangu, usijiharakishe. Nyumbani hapakimbii.” Mzee wa miaka themanini na kitu, amelala kwenye kochi langu kwa ajili ya ugonjwa ambao haukuwapo.

Lynette alipokuja Jumamosi alikuta manyoya kwenye pipa la taka. Nikamsimulia. Alicheka mpaka akaketi sakafuni.

“Baba, walikuwa wanakuombea na bado inacheza?”

“Sikio la kushoto peke yake.”

“Ati peke yake.” Akashika tumbo. “Na shangazi anasema yanatoka.”

Anamwita Aketch shangazi, ingawa si shangazi yake, kwa kuwa hakukua kati yenu, na hakuna aliyemfundisha majina yenu. Hilo pia ni kosa langu.

Lakini jana alikuja tena, nami nikampa simu anisomee ujumbe wako kwa kuwa nilikuwa nimepoteza miwani. Alisoma hadi mwisho, na safari hii hakucheka.

“Kwa hivyo Ooko anangoja upone,” akasema.

“Nitawaambia nimepona.”

“Halafu?”

“Halafu watakuja tena kuniita.”

“Na jogoo mwingine.”

“Ndiyo.”

“Na utaenda?”

Nikaendelea kutafuta miwani. Alikunja mashati yangu yote, akavaa koti. Mlangoni akageuka. “Basi waambie, Baba. Usiwaache watu wafunge kwa ajili ya mtu ambaye amekula.”

Nimelala na sentensi hiyo, nimesoma nayo somo la kwanza leo asubuhi, na sasa nipo nayo mezani.

Basi nakuambia. Miaka yote hii nimekuwa nikisema mwaka ujao. Mwanzoni nilimaanisha. Nilipokuwa kijana wivingi, nikisubiri usingizi, niliijenga nyumba ile kichwani, nikaweka mlango ukitazama ziwa, nikapanda michongoma kuuzunguka ua. Sijui ni mwaka gani niliacha. Hakuna siku niliyoamua. Ni kama uzi unaokatika mtambo ukiendelea kufuma, na kitambaa kinatoka, kinaonekana kizima, mpaka mtu akiinue kwenye mwanga.

Jebet alipofariki, mliniambia nimlete nyumbani, na mlikuwa na haki. Lakini mwanamke huzikwa mbele ya nyumba yake, na Jebet hakuwa na nyumba Seme kwa sababu sikumjengea. Ningemweka wapi? Kwenye ua wa mama, kama mgeni aliyezidiwa njiani? Ndugu zake walitupa nafasi Soy, kwenye mteremko unaotazama shamba la mahindi. Mlinikasirikia, nami nikanyamaza, na kimya changu mkakichukua kuwa majonzi. Kilikuwa majonzi, lakini ndani yake kulikuwa na jambo jingine ambalo leo nalitoa. Siku ileile ya mazishi niliwaomba ndugu zake nafasi iliyo kando yake, iwe yangu. Walikubali. Wameizungushia waya ili ng'ombe wasiikanyage.

Najua maana ya ninayoyaandika. Mjaluo anaweza kuishi popote, lakini analala kwao. Watu watasema Ondiek alipotea, na watakuwa wamesema sawa. Ninaona haya kukuandikia. Naona haya zaidi kwa sababu nikitafuta ndani yangu huzuni ya kuikosa Seme, naikuta ndogo, ndogo kuliko inavyostahili. Nikifumba macho na kuweka ule muziki kamili masikioni, mtu wa kawaida angetarajia nirudi ziwani, kwenye boma la baba, kwa sauti ya mama akipura wimbi. Mimi narudi wivingi. Natembea katikati ya mitambo, mafuta yananukia, Kigen yuko upande wa pili ananionyesha kwa vidole kwamba ni saa ya chai, na Jebet bado yuko hai nyumbani. Huko ndiko ninakokwenda. Sikukuchagua, lakini ndiko.

Kwa hiyo sikia sasa neno langu kama kaka yako mkubwa, kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu ambao nimekuwa mkubwa wa jina tu. Nipite. Toka katika boma la baba ukajenge lako. Usingoje mvua za vuli ziishe, na usingoje afya yangu, maana ninayo. Ile sehemu ya juu, upande wa kulia wa lango, iliyoachwa bila kulimwa kwa ajili yangu, ni yako. Mwambie Ooko achonge mpini wa shoka.

Msomee Mzee Omollo barua hii yote, hata mahali pa gitaa. Akisema kwamba ruhusa ya kaka mkubwa haitolewi kwa karatasi, anipigie Jumapili baada ya ibada, nami nitaitamka kwa mdomo wangu, Kigen na Lynette wakiwa mashahidi. Akisema kuna chira, ile laana inayowafuata wanaoruka zamu, mwambie nimesema imfuate aliyeketi, isimfuate aliyepita. Na kama ni lazima mtu aje kuchukua kitu cha mkononi mwangu, njoo wewe mwenyewe. Nitafungua mlango. Nitakuwa nimevua kofia.

Waambie akina mama waache kufunga, na uwaambie sababu. Usinifiche. Wakitaka kucheka, wacheke. Maji yale sitayamwaga, kwa kuwa aliyeyaombea aliamini alichokifanya. Nitayanywa.

Muziki wenyewe sitauacha. Nimejaribu juma hili, nikaona kwamba nyumba imenyamaza tu, na uongo bado uko palepale.

Nisalimie shemeji Aketch kabla ya watu wote, na umwambie kwamba sala yake haikwenda bure, kwa kuwa ndiyo iliyonikalisha chini kuandika. Nisalimie Mzee Omollo, nikimwomba radhi kwa kochi. Nisalimie Ooko na mkewe Christabel, na umshikie mkono mtoto wao Dennis, ambaye nimemwona kwenye picha tu. Kigen anakusalimu. Lynette anasema atakuja siku ya kuingia boma, na kwamba atabeba maji kama binti wa nyumba.

Mungu wa baba yetu aubariki mlango utakaoujenga. Moto utakaowashwa humo usizimike, wajukuu wako wagombane uani mpaka uchoke nao, na mgongo wako usahau kwamba uliwahi kuuma.

Usiniachie nafasi, Oyugi. Sitarudi.

Mimi kaka yako, ninayekupenda na kukuonea haya,

Elisha Ondiek